Jinsi ya kupata video zote za chaneli moja ya YouTube

BARIADI, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu ulioanzishwa mwaka 2012, imo katika nchi ya Wasukuma, ambako makundi ya ngoma ya Bagika na Bagalu hushindana baada ya mavuno kuvuta watazamaji. Mashindano hayo, yenye asili katika karne ya 19 kwa mahasimu wawili, Ngika na Gumha, siku hizi hurekodiwa hata kwa simu na kuwekwa katika mtandao wa YouTube.

Hata hivyo, anayetafuta kazi zote za kundi moja mara nyingi huambulia chache. Sababu ni kwamba ukurasa wa mwanzo wa chaneli huonyesha video zilizoteuliwa tu, nao utafutaji hupanga majibu kwa kukadiria anachopenda mtazamaji.

Njia ya kwanza ni kufungua chaneli husika na kuingia sehemu ya Video, ambako zinaweza kupangwa kuanzia mpya, maarufu au za zamani. Video fupi za Shorts na matangazo ya mubashara huwa na sehemu zake, hivyo nazo zikaguliwe.

Njia ya pili huziweka zote pamoja. Kila chaneli ina utambulisho unaoanza na herufi UC, ambao kwa kompyuta hunakiliwa kutoka katika maelezo ya chaneli, penye kitufe cha kushirikisha. Herufi hizo mbili zibadilishwe kuwa UU, kisha iandikwe kwenye kivinjari anuani youtube.com/playlist?list= ikifuatiwa na utambulisho huo bila kuacha nafasi. Orodha ya video zilizopakiwa itafunguka.

Njia hizo hazionyeshi video za faragha, zisizoorodheshwa wala zilizofutwa. Mwenye chaneli huziona za faragha na zisizoorodheshwa katika YouTube Studio, na anaweza kuchukua nakala za video zake kwa huduma ya Google Takeout.

Video ikishafutwa na mwenyewe, hairejeshwi. Kwa hiyo, anayetaka kuhifadhi ngoma za wazee wake aandike jina, tarehe na anuani ya kila video, kisha amwombe mwenye chaneli nakala mapema. Chaneli ikifungwa, orodha hiyo itaonyesha kilichopotea, lakini ngoma yenyewe haitasikika tena.