Kutoka "Jambula Tree" hadi Rafiki: Hatima ya Barua katika Uhawilishaji

Hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda, "Jambula Tree", ilichapishwa mwaka 2006 katika mkusanyiko uliohaririwa na Ama Ata Aidoo. Mwaka uliofuata ikatunukiwa Tuzo ya Caine. Umbo lake ni barua. Anyango, aliyebaki Nakawa, Kampala, anamwandikia Sanyu, ambaye wazazi wake walimpeleka London baada ya mapenzi ya wasichana hao kugunduliwa chini ya mti wa jambula, yaani mzambarau. Habari kwamba Sanyu amerudi nyumbani inaletwa na Mama Atim, jirani yule yule aliyewafichua. Sanyu anaitwa "wewe" tangu mwanzo hadi mwisho, wala hajibu. Kwa hiyo mfarakano hausimuliwi tu: umo ndani ya nafsi ya pili, inayomwita mtu asiyekuwapo.

Wanuri Kahiu alipoihawilisha kuwa filamu, Rafiki (2018), aliihamishia Nairobi na kuiacha barua. Pengo hilo alilijaza kwa familia mbili. Kena anaishi na mama aliyetalikiwa. Baba yake, mwenye mke mpya, anagombea uchaguzi dhidi ya baba wa Ziki. Mfarakano sasa una sababu zinazoonekana kwa macho: talaka, siasa, kanisa. Utajiri huo una gharama, kwa kuwa upweke wa sauti moja umetoweka. Mama Atim pekee ndiye aliyevuka mpaka na jina lake (umbea, yaelekea, hauhitaji tafsiri).

Kiswahili nacho kilileta chake. Neno "rafiki" halidokezi jinsia, wala upatanisho wake hauidokezi: "rafiki yangu amekuja" yaweza kumhusu yeyote. Kichwa cha filamu kinasitiri kile ambacho barua ilikitamka waziwazi.

Aprili 2018 Bodi ya Uainishaji wa Filamu ya Kenya iliipiga marufuku, ingawa ilikuwa filamu ya kwanza ya Kenya kuteuliwa rasmi Cannes. Septemba, Mahakama Kuu ilisimamisha marufuku hiyo kwa siku 7. Kahiu alieleza kwamba bodi ilitaka mwisho ubadilishwe, kwa kuwa ulikuwa na matumaini mno. Mwisho huo ni kurudi kwa Ziki. Filamu, basi, inaishia pale barua ya Anyango inapoanzia, na kilichopingwa na bodi ndicho kilichomfanya Anyango aandike.