Kitabu cha Kweli Kilichokataliwa na Kitabu cha Uongo Kilichopokewa

Wasomaji wetu wanaoandika mila na maneno ya wazee hukutana mara nyingi na swali gumu: neno hili tuliloambiwa, je, ni la kale kweli, au limetungwa juzi? Twaona yafaa kuwaeleza habari za vitabu viwili vilivyotajwa kuwa maandiko matakatifu ya Uajemi wa zamani. Kimoja kilikuwa cha kweli, kikaitwa cha uongo. Cha pili kilikuwa cha uongo, kikapokewa kama cha kweli. Nao waliokosa hawakuwa wajinga, bali wataalamu wakubwa wa siku zao.

Dini yenyewe ni ile ya Zarathustra, ambayo makuhani wake waliitwa majusi. Msingi wa mafundisho yake ni kwamba ulimwengu una pande mbili zishindanazo. Katika nyimbo za kale ziitwazo Gatha zatajwa roho mbili zilizo pacha, moja ikichagua jema na moja baya. Katika maandiko ya baadaye Ahura Mazda, mwenye nuru na kweli, ashindana na Angra Mainyu, mwenye giza na uongo. Wala mwanadamu hawezi kukaa kando, kwa kuwa kila tendo lake lasaidia upande mmoja. Uislamu ulipoenea Uajemi, baadhi ya wafuasi walihamia Gujarat katika Bara Hindi. Hao ndio Waparsi, ambao baadhi ya jamaa zao walifika hata Unguja.

Mfaransa Anquetil Duperron alitamani sana kuyajua maandiko hayo, hata akajiandikisha uaskari apate safari ya kwenda Bara Hindi. Alifika mwaka 1755, akajifunza kwa kuhani wa Kiparsi huko Surat, akarudi Paris mwaka 1762 na hati nyingi. Mwaka 1771 alichapisha tafsiri ya Avesta. Mwaka uo huo Mwingereza William Jones, kijana wa miaka 25, alimwandikia barua ya dhihaka. Hoja yake kubwa ilikuwa kwamba maneno yale ni ya kipuuzi, yenye kurudiarudia, hata hayawezi kuwa ya mtu mwenye hekima kama Zarathustra. Wengi walimfuata.

Basi mwaka 1789 Jones huyo, sasa jaji mwenye sifa huko Calcutta, aliwahutubia wataalamu wenziwe juu ya Waajemi. Alikuwa amesoma kitabu cha Kiajemi kiitwacho Dabistan, chenye habari za Mahabad na wafalme waliomtangulia Zarathustra, waliomwabudu Mungu mmoja kwa hekima nyingi. Habari hizo alizipokea kwa furaha. Lakini asili yake ilikuwa kitabu kingine, jina lake Desatir, ambacho Mparsi mmoja, Mulla Kaus, alikinunua Isfahan akakileta Bombay. Mwanawe, Mulla Firuz, alikichapisha mwaka 1818 pamoja na tafsiri ya Kiingereza. Kitabu hicho kilijidai kuwa na maneno ya manabii wengi, tangu Mahabad hata Sasan wa tano, Zarathustra akiwa mmoja wao. Tena kwa lugha ya mbinguni isiyojulikana duniani.

Ni nini kilichoamua? Lugha ndiyo iliyoamua.

Mtu wa Unguja asema mchele, macho, kucheka. Wa Mvita asema mtele, mato, kuteka. Badiliko hili lina kanuni yake, na hakuna mtu aliyekaa akalitunga. Vivyo hivyo s ya Kisanskriti mahali pengi huwa h katika Avesta: sapta, yaani saba, ni hapta, soma ni haoma, asura ni ahura. Na deva, ambao kwa Wahindi ni miungu, katika Avesta ni daeva, pepo wabaya. Ni neno moja, lakini maana zimefarakana. Mwongo wa Surat angewezaje kuyabuni hayo? Mwaka 1826 Mdenmaki Rasmus Rask alithibitisha kwa njia hii kwamba lugha ya Avesta ni ya kale kweli.

Desatir ilipopimwa hivyo, ilianguka. Watoto wa pwani wana mchezo wa Kinyume: silabi ya mwisho huletwa mbele, na nyumba huwa mbanyu. Asiyejua hudhani ni lugha ngeni, lakini sarufi yake ni ya Kiswahili tupu. Desatir nayo ilikuwa na maneno ya kubuniwa juu ya sarufi ya Kiajemi cha siku za baadaye. Silvestre de Sacy wa Paris alilionyesha jambo hili mwaka 1821. Mafundisho yake pia yalitoka kwa wanafalsafa waliokuja baada ya Uislamu, na kwa Wahindi: akili za mbinguni, heshima ya nyota, roho kuhama mwili hata mwili. Vile vita vya roho mbili havikuwa msingi wake. Watungaji yaonekana walikuwa wafuasi wa Azar Kayvan, Mwajemi aliyekaa Patna zamani za Akbar na mwanawe.

Hata hivyo uongo ulikuwa umekwisha kuzaa. Kamusi ya Burhan-i Qati, ya karne ya 17, iliyachukua maneno ya Desatir kana kwamba ni Kiajemi safi, na waandishi wakayatumia. Mwanzoni mwa karne ya 20 Mparsi Sheriarji Bharucha alikikanusha kitabu hicho mbele ya watu wake, ambao wengi walikuwa wamekiheshimu.

Twamlaumu Jones? Si sana. Alikataa lililo geni kwake, akapokea lililofanana na mawazo yake. Na sisi tunaoketi mbele ya wazee na daftari mkononi twaweza kukosa vivyo hivyo. Mzee akitupa maneno yanayorudiarudia na yasiyotupendeza, tuyaandike yote kama alivyosema. Bali akituletea habari nzuri zinazolingana mno na tuliyotaka kusikia, hapo tuulize mara ya pili, tena kwa mtu mwingine. Na neno lisilo na ndugu katika lugha za jirani tuliweke kando kwanza, kabla hatujaliingiza katika kamusi, maana kulitoa ni kazi ya vizazi.