Mwigizaji aliyebadilishwa na ndovu wa Tsavo
Virginia McKenna, mwigizaji wa filamu mzaliwa wa London (1931), aliigiza kama Joy Adamson katika Born Free (1966), iliyotengenezewa Kenya. Baadaye yeye na mumewe, Bill Travers, walifika mbuga ya Tsavo upande wa Voi, si mbali na Marungu, kuigiza filamu ya An Elephant Called Slowly pamoja na mtoto wa ndovu aitwaye Pole Pole. Walipoomba asipelekwe London kama zawadi ya serikali, waliambiwa mwingine angekamatwa badala yake, wakakataa. Pole Pole alifia huko mwaka wa 1983. Mwaka uliofuata, wawili hao walianzisha Zoo Check, shirika lililopinga kufungiwa kwa wanyamapori, ambalo baadaye liliitwa Born Free Foundation.