Neno la Wiki: Mtawa si lazima awe mmonaki

Wapo wanaomwita Placide Tempels, Mbelgiji aliyeanzisha harakati ya Kikatoliki ya Jamaa huko Kolwezi, Katanga, miaka ya 1950, "mmonaki". Wanakosea. Alikuwa Mfransisko: mtawa mwenye nadhiri, lakini aliyeishi katikati ya wafanyakazi wa kampuni ya madini ya Union Minière na wake zao, si monasterini.

Neno mmonaki limetoka Kigiriki, kwenye monachos, mtu wa peke yake. Mtawa limetokana na kutawa, yaani kujifungia ndani. (Kwa asili hiyo, Tempels mzururaji wa kambi za wafanyakazi hakustahili hata jina la pili!) Leo mtawa ni yeyote aliyeweka nadhiri, mwanamume kwa mwanamke. Padri ni jambo jingine: hilo ni daraja tu, si nadhiri.

Wamonaki hasa wa Katanga ni Wabenedikto waliofika 1910 na kiongozi wao, Jean-Félix de Hemptinne, ingawa nao waliendesha misheni.