Kinkina si kahawa: picha zetu za zamani ziko kwa nani?

Mwaka jana kaka mmoja wa mtaa wetu hapa Bukavu alinipigia simu. "Injenya, wewe ulisoma mambo ya mimea, njoo uangalie hii filimu." Yeye anatengeneza filimu fupi juu ya mashamba ya wakoloni Kivu. Alipata kwenye intaneti dakika mbili, sura hazionekani vizuri, na jina la nyumba ya arshivi limeandikwa katikati ya vichwa vya watu. Ile ni ya kutazama tu. Ukitaka ile safi, unalipa.

Fishi yake ilisema: kahawa, Kivu. Nikatazama. Majani yanakaa mawili-mawili kwenye tawi kama ya kahawa, kweli. Lakini watu walikuwa wanabandua maganda ya miti na kuyaanika kwenye jua. Nani anaanika maganda ya mti wa kahawa? Ilikuwa kinkina, mti wa dawa ya malaria, ni ndugu wa kahawa kwa ukoo wa mimea. Mwenye kuandika fishi, nafikiri, hakukanyaga shamba.

Njo hapo nilianza kuelewa kazi ya wale wanaotafutia filimu na televisheni picha za zamani. Wanatafuta kwa majina ya mwenye kuandika fishi, siyo majina yetu. Hotuba ya Lumumba ya tarehe 30 mwezi wa sita 1960, uitafute Léopoldville. Lubumbashi ni Élisabethville, Kisangani ni Stanleyville. Hata Bukavu yetu ilikuwa Costermansville.

Kisha bei. Wanakuuliza: sekunde ngapi? Itaonyeshwa nchi ngapi, kwa miaka ngapi? Sinema ao televisheni? Raoul Peck, Mhaiti aliyeishi Léopoldville utotoni, anaitaja bei ndani ya filimu yake *Lumumba, la mort du prophète*: dola 3000 kwa dakika moja. Mwezi wa kumi na mbili 1960, Lumumba alipoletwa Léopoldville mikono imefungwa, wapiga picha wa kigeni walikuwa pale. Filimu zao zikapanda ndege. Leo tunaziomba huko. Ni kweli, British Pathé iliweka filimu 85.000 kwenye YouTube mwaka 2014. Kutazama ni bure, kutumia ni hesabu ingine.

Tuliwaandikia wenye ile filimu juu ya kinkina. Walijibu kwa heshima, wakashukuru, wakasahihisha fishi. Bei ikabaki ileile. Kaka akahesabu franga zake, akalipa sekunde 11.

Fishi haina jina la mfanyakazi hata mmoja, wala la shamba. Kama kwenu kuna mzee aliyebandua kinkina, mumuulize ilikuwa wapi na kwa mzungu gani, mutuandikie hapa. Filimu haijaisha bado.