Mzee Small katika Tarehe ya Kilwa

Tarehe ya Kilwa, yaani historia ya mji huo, iliandikwa tangu karne ya 16. Wamo masultani, kuanzia Ali bin Hassan anayesimuliwa kuwa alitoka Shirazi, na ugomvi wa wana wao juu ya kiti. Wachekeshaji hawamo. Kwa maoni yangu zamu yao imefika, na wa kwanza kuandikwa awe Said Ngamba, yaani Mzee Small, aliyezaliwa Kilwa mwaka 1955.

Enzi za rika lake, mtu wa kusini aliyekwenda Dar es Salaam kutafuta riziki alipanda jahazi, au basi lililosubiri pantoni ya mto Rufiji pale Ndundu. Daraja la Rufiji lilikuja kufunguliwa mwaka 2003. Mjini palikuwa na vikundi vya sanaa vilivyotumbuiza kwenye mabaa: ngoma, sarakasi, taarabu, na katikati yake kichekesho. Hakikuwa na maandishi. Waigizaji walikubaliana kisa tu, nani mdeni, nani mgomvi, maneno wakayapata jukwaani. Mtazamaji akikolea, anainuka na noti yake, anakwenda kumtunza mchekeshaji huku mchezo ukiendelea. Asiyejua kumsikiliza mwenzake hakudumu hapo, maana neno lake la pili lilitegemea la kwanza la mwenziwe.

Hiyo ndiyo sanaa aliyoibeba Mzee Small mpaka kwenye televisheni. Umbo dogo lilimpa jina. Uzee aliutengeneza mwenyewe. Vituo vya kwanza vya televisheni Tanzania Bara vilipoanza mwaka 1994 alikuwa na miaka 39 tu, na bado watu wakaja kumwita Mzee bila kusita. Alipocheza na mchekeshaji mwenzake Bi Chau, kazi ilikuwa ya wawili kweli: mmoja anarusha, mwingine anadaka. Kaskazini Tanga ilikuwa na mchekeshaji wake, King Majuto. Kusini Kilwa ilikuwa na huyu.

Baadaye vichekesho vikauzwa kwenye kanda na diski. Mchekeshaji wa wakati huo alilipwa mara moja, kazi ikanakiliwa na kuuzwa barabarani miaka na miaka. Hilo linaniuma. Serikali ilianza kubandika stempu za kodi kwenye kazi za filamu na muziki mwaka 2013, wakati Mzee Small kiharusi kimeshamlaza.

Alifariki katika hospitali ya Muhimbili usiku wa tarehe 7 Juni 2014. King Majuto alimfuata mwezi Agosti 2018.