Johnson, Martin

Martin Johnson (1884–1937) alikuwa mwongozaji wa filamu kutoka Marekani ambaye, pamoja na mkewe Osa, alianza kazi katika enzi ya filamu bubu, yaani zile zisizo na sauti na ambazo maelezo yake yaliandikwa kati ya picha, akaimaliza katika enzi ya filamu zenye sauti. Alianza safari ya baharini mwaka 1907, akiwa mpishi katika jahazi la mwandishi Jack London. Baada ya kupiga picha katika visiwa vya Pasifiki, wawili hao waliweka kambi Marsabit, Kenya, ambako sehemu ya filamu bubu *Simba* (1928) ilitengenezwa.

Sauti iliwaleta Kongo. *Congorilla* (1932), iliyotangazwa kuwa filamu ya kwanza yenye sauti iliyopigwa yote Afrika, ilirekodiwa kwa mitambo mizito katika misitu ya Ituri na milima ya sokwe ya Kivu. Ndani yake Wambuti, wenyeji wa msitu wa Ituri, wanapewa sigara kubwa wavute na baluni wapulize, huku gramafoni ikipiga jazi, na msimulizi anawafanyia mzaha. Kwa hiyo, japo ni filamu iliyohifadhi sauti halisi za msitu, waliopigwa picha hawakupewa nafasi ya kujieleza.

*Baboona* (1935) ilipigwa kwa kiasi kikubwa kutoka angani. Johnson alifariki Januari 1937 kwa ajali ya ndege ya abiria huko California.